Siku Moja Kwenye Maporomoko ya Sipi



Katika mikutano ya matawi yetu huzungumzwa mshahara, viatu vya kazi, na watu walioachishwa bila barua. Hayo ni mambo ya lazima na tutazidi kuyazungumza. Lakini lipo jambo ambalo hupitiwa mbio, au husahauliwa kabisa, nalo ni mapumziko. Mkata miwa anayeamka saa kumi alfajiri, mchuma chai mwenye kikapu mgongoni siku sita, fundi wa kiwanda cha nguo anayesimama mbele ya mashine mpaka masikio yanavuma: wote hao wana haki ya kupumzika, na haki hiyo imeandikwa.

Wako wanaosema kwamba kwenda kutazama maporomoko ya maji ni mambo ya Wazungu wenye kamera. Makala haya yanaonyesha kwamba sivyo. Yanaeleza safari ya siku moja ya tawi letu la shamba la miwa upande wa Busoga, kwenda kwenye maporomoko ya Sipi, katika Mlima Elgon. Yanaeleza pia habari za vijana wanaowaongoza wageni huko, maana nao ni wafanyakazi kama sisi, ingawa hawana kadi ya chama.

HAKI ILIYOANDIKWA

Sheria ya Ajira ya Uganda ya mwaka 2006 inasema kwamba mfanyakazi asilazimishwe kufanya kazi zaidi ya siku sita mfululizo bila siku ya kupumzika. Sheria hiyo hiyo inampa mtu aliyetimiza miezi sita kazini likizo ya malipo kamili, siku 7 kwa kila miezi 4, yaani siku 21 kwa mwaka.

Haki hizi hazikuanguka kutoka mbinguni. Shirika la Kazi la Kimataifa lilipitisha mkataba wa mapumziko ya kila wiki viwandani mwaka 1921. Mkataba wa likizo ya malipo ulipitishwa mwaka 1936, lakini huo haukumhusu mtu wa shamba. Mfanyakazi wa kilimo aliwekewa mkataba wake mwaka 1952. Hesabu mwenyewe: miaka 16 mkulima wa kuajiriwa alikuwa anamtazama mwenzake wa kiwandani akienda likizo. Ndiyo sababu sisi wa mashamba hatuna haja ya kuona haya tukidai siku yetu. Tulicheleweshwa vya kutosha.

NAMNA SIKU ILIVYOPATIKANA

Tawi lilianza kwa kuweka akiba. Kila mwanachama aliyetaka kwenda alimpa mweka hazina kiasi kidogo siku ya mshahara, kwa muda wa miezi mitano, na jina lake likaandikwa daftarini huku anatazama. Aliyebadili nia alirudishiwa fedha yake bila maneno. Kwa njia hiyo tulipata nauli ya basi, ada za huko, na chakula cha kubeba.

Shida haikuwa fedha. Shida ilikuwa Jumapili. Msimu wa kukata miwa ulikuwa umepamba moto, na kwa majuma mengi Jumapili ilikuwa imegeuka siku ya kazi kama nyingine. Meneja alisema kwamba miwa ikishakatwa haingoji, na sukari yake hupungua kila siku inapolala chini. Hilo ni kweli, na sisi tunaojua miwa hatukulikana. Kamati ikajibu kwamba watu wagawanywe makundi mawili, nusu wapumzike Jumapili hii na nusu Jumapili inayofuata, kiwanda kisikose miwa na watu wasikose pumzi.

Jibu la kwanza lilikuwa hapana. Nyapara mmoja akaanza kupita kwenye mistari akiandika majina ya wanaotaka kwenda, utadhani wanapanga mgomo. Baadhi ya wanachama wakaogopa, wakaja usiku kuomba wafutwe daftarini. Kamati haikugombana nao. Iliandika barua ya pili, ikataja sheria kwa mwaka wake, na nakala ikapelekwa kwa Afisa Kazi wa wilaya. Baada ya siku tisa jibu likaja: makundi mawili, kama ilivyoombwa. Waliofutwa majina wakarudi kuandikwa tena.

Basi ndugu msomaji, kabla hatujaona hata tone la maji ya Sipi, tawi lilikuwa limekwisha kupata kitu.

NJIANI

Kundi la kwanza lilikuwa la watu 31, na wanawake wa palizi walikuwa 12. Tuliondoka saa kumi usiku. Kutoka Jinja hadi Mbale kwa barabara ya Tirinyi ni karibu kilomita 150. Kulipopambazuka tulikuwa tunavuka bonde la Mpologoma, penye majaruba ya mpunga, na watu walikuwa wamekwisha kuingia majini kufanya kazi. Mmoja wetu akapunga mkono dirishani akasema, "Poleni, ndugu!" Wakacheka, wakapunga nao.

Mbale iko chini ya jabali kubwa la Wanale. Kutoka hapo barabara hufuata tambarare, kisha huacha uwanda na kuanza kupanda kwa kona kali. Masikio huziba. Baridi huingia. Ukitazama nyuma unaona nchi yote imelala chini, kuelekea Teso na Karamoja. Mlima Elgon ni volkano iliyozimika zamani sana. Umekaa mpakani mwa Uganda na Kenya, na kilele chake cha Wagagai kina urefu wa meta 4,321. Udongo wake ni mzuri kwa migomba na kahawa ya Arabika, ile ambayo wakulima wake waliunda Chama cha Ushirika cha Bugisu mwaka 1954.

Sipi yenyewe iko upande wa Kapchorwa, nchi ya Wasabiny. Njiani tuliwaona vijana wanakimbia mazoezi katika mwinuko ambao basi letu liliupanda kwa kuguna. Huko ndiko alikotoka Stephen Kiprotich, aliyeshinda mbio za marathoni za Olimpiki mwaka 2012 huko London, na Joshua Cheptegei, aliyepata dhahabu ya meta 5,000 mwaka 2021 na ya meta 10,000 mwaka 2024.

MAJI YANAYOANGUKA

Maporomoko ya Sipi ni matatu, yote ya mto mmoja, yakifuatana kama ngazi. La chini ndilo refu kuliko yote, karibu meta 100. Mtu asiyejua meta 100 ni kitu gani apige hesabu ya uwanja wa mpira, kisha ausimamishe wima.

Tulipewa vijana wawili wa kutuongoza, mmoja mbele na mmoja nyuma, kusudi asipotee mtu. Njia inapita katikati ya mashamba ya watu, kwenye migomba na mibuni, na baadhi ya wenye mashamba hudai ada ndogo. Hiyo ni halali. Mgeni anapita katika kihamba cha mtu, anakanyaga na kutazama. Si vibaya akiacha chochote.

Kushuka kwenda chini ya poromoko kubwa ni kazi. Magoti hutetemeka. Kabla hujaliona unalisikia, na kabla hujalifikia umekwisha kulowa, kwa maana maji yakianguka kutoka juu vile hayafiki yote chini kama maji. Mengine hugeuka moshi na upepo ukakupiga nao usoni. Jua lilipotokea, upinde wa mvua ulisimama karibu nasi kiasi cha kutaka kuushika. Watu walinyamaza. Mama mmoja wa palizi, ambaye ana miaka 11 katika shamba lile, alikaa juu ya jiwe akavua viatu. Baadaye akasema, "Mimi nilijua Jumapili ni siku ya kufua."

Tunaomba wanaume wanaosoma ukurasa huu walifikirie neno hilo. Mapumziko ambayo mwajiri anayatoa, nyumbani huweza kunyang'anywa tena.

Katika poromoko la pili kuna pango nyuma ya maji, na mtu aweza kuingia akatazama nje kupitia pazia la maji. Kwa jumla, kuyaona yote matatu kwa miguu huchukua karibu saa nne kwa watu wasio na haraka. Wazee wawili waliochoka walibaki juu na kuonyeshwa jinsi kahawa inavyotwangwa, inavyokaangwa na kunywewa pale pale.

MWAMBA UNAOTELEZA

Vijana wetu walipoona mto unapita juu ya mwamba laini wakataka kuserereka kama watoto. Wengi wetu tulikua tukifanya hivyo katika vijito vya kwetu, tumekalia ganda la mgomba. Kiongozi akawazuia kwanza, akawaeleza, na maelezo yake yafaa yajulikane na kila tawi.

Maji ya mlimani hayaendi matupu. Yanabeba mchanga na changarawe, na vitu hivyo husugua mwamba usiku na mchana kwa miaka mingi sana, kama vile msasa unavyosugua ubao. Mahali penye mteremko wa kadiri, mwamba huchongeka ukawa mfereji laini, na hapo ndipo watu huserereka. Mahali maji yanapoanguka wima, yanachimba shimo chini, na ndiyo madimbwi tunayopenda kuogelea. Basi mashine iliyotengeneza mchezo ule bado inafanya kazi. Dimbwi lililokuwa na kina mwezi uliopita huenda leo lina jiwe au gogo lililoletwa na mafuriko, na mtu wa juu halioni. Wahenga walisema, maji usiyoyafika hujui wingi wake.

Hatari ya pili ni ukoga wa kijani juu ya mawe. Hauonekani sana, lakini unateleza kuliko grisi iliyomwagika kiwandani. Ya tatu ni mvua ya mbali. Unaweza kuwa juani huku chini, kumbe juu mlimani mvua imenyesha saa nzima. Maji yakianza kubadilika rangi na kuwa ya udongo, au yakianza kuleta majani na vijiti, toka mtoni mara moja, usingoje kuvaa viatu. Mlima huu una historia. Tarehe 1 Machi mwaka 2010 udongo uliporomoka Bududa ukafukia vijiji, na mwezi Novemba mwaka 2024 ukaporomoka Bulambuli, wilaya ambayo barabara ya Sipi inapita. Waliokufa walikuwa watu wa vijiji vya huko.

Baada ya maelezo hayo kiongozi aliwapeleka mahali pa maji machache, pasipo na jabali mbele, akaingia yeye kwanza akapima kwa fimbo, akasimama chini kuwapokea. Wakaserereka mmoja mmoja, miguu mbele, mikono kifuani. Hata katibu wa tawi akaserereka. Kuteleza si kuanguka, lakini ni pale tu panapokuwa na mtu anayejua mahali pa kutelezea.

ANAYETUONGOZA ANALIPWA NA NANI?

Wakati wa kula tuliwauliza wale vijana habari za kazi yao. Mmoja alikuwa ameifanya miaka saba. Hana mkataba. Hana mshahara. Mvua kubwa zikinyesha na wageni wasipokuja, hapati kitu. Akivunjika mguu kwenye mawe, ni wa kwake. Alitueleza kwamba kampuni moja ya utalii ya mjini ilikuwa ikileta wageni, ikiwatoza fedha nyingi kwa siku moja, na yeye akaachiwa bahashishi tu, mgeni akipenda. Siku moja aliongoza watu tisa tangu asubuhi mpaka saa kumi, na mgeni aliyedhani kwamba kiongozi amekwisha kulipwa hakumpa hata senti. Kijana alipoiuliza kampuni, aliambiwa wako wengi wanaoitaka nafasi yake.

Neno hilo tunalijua. Tumeambiwa sisi mashambani, tumeambiwa viwandani. Kanuni za Ajira za mwaka 2011 zinasema kibarua asiwekwe katika kazi ya kibarua zaidi ya miezi minne, lakini kijana huyu hakuwa hata kibarua katika daftari la mtu. Alikuwa hewa.

Sisi tulifanya hivi. Kabla ya kuanza kutembea, mweka hazina alikubaliana na viongozi bei ya siku nzima, akaitangaza mbele ya kundi lote, na jioni akawalipa mkononi, mbele ya watu wale wale. Bahashishi iliyotolewa juu yake ilikuwa shukrani, siyo mshahara. Mfanyakazi anayepigania ujira wa haki siku sita asiende kumpunja mwenzake siku ya saba.

WENZETU WA NG'AMBO

Jambo hili laweza kupangwa vizuri zaidi. Katika Jamhuri ya Dominika, nchi ya miwa kama sehemu zetu, uko mto Damajagua karibu na mji wa Imbert, upande wa kaskazini. Mto huo umechonga mawe ya chokaa ukafanya maporomoko na madimbwi 27 yanayofuatana. Wageni hupanda pamoja na viongozi, kisha hurudi chini kwa kuruka na kuserereka katika mifereji ya mawe. Hakuna anayeingia bila kofia ngumu, jaketi la kuelea majini, na kiongozi. Viongozi ni watu wa vijiji vya hapo, nao wana chama chao.

Angalieni jinsi mambo hayo mawili yanavyokwenda pamoja. Mahali ambapo viongozi wana chama, kiongozi aweza kumwambia mgeni tajiri, "Leo mto umejaa, hatuendi," na asiogope kukosa chakula. Asiye na chama atakwenda tu, kwa sababu watoto wake wanangoja. Kwa hiyo ujira wa kiongozi ni jambo la usalama wa mgeni pia.

MAPOROMOKO YALIYOMEZWA

Wakati wa kurudi, mzee mmoja aliuliza kwa nini tuende mbali hivyo, na Jinja ilikuwa na maporomoko yake. Ni kweli. Maporomoko ya Ripon, mahali Nile inapotoka ziwani, na ya Owen yaliyokuwa chini yake, yalimezwa na bwawa lililofunguliwa mwaka 1954. Maporomoko ya Bujagali yalifunikwa mwaka 2011, na umeme wa bwawa hilo jipya, megawati 250, ukakamilika mwaka 2012. Vijana waliokuwa wakipeleka wageni kwa mashua za mpira juu ya maji yale walilazimika kuhamia chini zaidi au kuacha kazi.

Hatusemi mabwawa ni mabaya. Umeme ule ndio uliozungusha mashine za nguo za Jinja, na watu wengi tulilelewa kwa mshahara wa mashine hizo. Lakini yafaa mfanyakazi ajue kwamba maji anayokwenda kuyatazama Sipi na umeme unaozungusha mashine yake ni nguvu moja. Kila siku anafanya kazi pamoja na poromoko ambalo hakuwahi kuliona. Na panapozamishwa kitu cha wananchi kwa ajili ya kiwanda, wananchi wana haki ya kuuliza faida imekwenda wapi.

MASHAURI KWA MATAWI

Kwa matawi yanayotaka kufanya safari kama hii, tunatoa mashauri haya:

1. Akiba iwekwe miezi kadhaa mbele, iandikwe, na isomwe mkutanoni.

2. Barua ya kuomba siku iandikwe mapema, itaje sheria, na ipendekeze namna kazi itakavyoendelea. Nakala ibaki ofisini.

3. Nendeni miezi ya mvua chache, kama Desemba hadi Februari. Tangu Machi hadi Mei njia ni matope na mto ni mkali.

4. Dereva apumzike huku watu wakitembea. Ondokeni mlimani kabla ya saa kumi alasiri. Kona zile si za usiku.

5. Kila mtu awe na viatu vyenye meno, nguo ya kubadili, na maji ya kunywa. Sanduku la huduma ya kwanza lisisahauliwe.

6. Pombe isiguswe kabla ya kutoka majini. Asiyejua kuogelea asisukumwe wala asichekwe.

7. Viongozi wakubaliwe bei kabla ya kuanza, na walipwe mkononi mbele ya wote.

8. Wanawake waulizwe kwanza siku ipi inawafaa, na waume zao wabaki na watoto.

Kundi la pili lilikwenda Jumapili iliyofuata, watu 28, wakarudi salama. Sasa orodha ya mapumziko ya Jumapili imebandikwa ubaoni kwenye lango la shamba, na sahihi ya meneja iko chini yake. Orodha hiyo ilitafutwa kwa ajili ya safari moja, lakini safari imekwisha na orodha ipo. Makatibu wa matawi ambayo hayana orodha ya namna hiyo wanaombwa kuliweka jambo hili katika ajenda ya mkutano ujao, na kutuletea majibu ya waajiri yakiwa yameandikwa.